Kurasa Kumi na Nane

Hapo zamani, wala si zamani ile ya wanyama kusema, ni zamani ya juzijuzi tu, ya stempu za posta na mashine za kupiga chapa, palikuwa na nchi moja yenye mto katikati. Jina la nchi nalimeza, wenyewe wakisikia watajijua. Nyinyi sogeeni, kaeni vizuri, na yule anayependa kusinzia akae mbele nimwone. Mwishoni nina swali, na sitaki kujibiwa na mtu aliyekuwa anakoroma.

Watu wa nchi hiyo walikuwa na lugha zao za nyumbani, mia na ushei. Lakini shule, serikali na vitabu vilikuwa na lugha mbili tu. Ng'ambo hii waliandika Kiingereza, ng'ambo ile waliandika Kifaransa. Ng'ambo hii mwanamke mtu mzima huitwa Ma, ng'ambo ile mwanamume mtu mzima huitwa Papa. Ng'ambo hii mtu husoma kitabu kimya kimya amejiinamia, ng'ambo ile mtu akipata kitabu kizuri lazima amsomee jirani, jirani atake asitake. Na kila upande uliamini kwamba upande wa pili hauna kitabu cha maana.

Juu ya mto palikuwa na daraja, na ubavuni mwa daraja palikuwa na ukuta wa mawe. Kila baada ya miaka kumi, kitabu kimoja kilichopendwa ng'ambo zote mbili kilisomwa pale hadharani, asubuhi kwa Kiingereza, mchana kwa Kifaransa. Wakicheka huku na wakacheka kule, wakilia huku na wakalia kule, basi jiwe jipya lilitiwa ukutani na kuchongwa jina la mwenye kitabu. Jina moja kwa jiwe moja. Na jina hilo ndilo lililopigwa chapa juu ya kila nakala, huku na kule, mpaka mwisho wa dunia. Lishikeni hilo: jina moja kwa jiwe moja.

Sasa, ng'ambo ya Kiingereza aliishi mwanamke mfasiri, Manka Tumenta. Kazi yake ilikuwa kuvichukua vitabu vya Kifaransa na kuvitia katika Kiingereza. Alikuwa mfasiri wa kiapo, mwenye muhuri wa shaba, na kiapo chenyewe kilikuwa na maneno mawili: sizidishi, sipunguzi. Mfasiri akizidisha, hunyang'anywa muhuri. Akipunguza, hunyang'anywa muhuri. Na akishanyang'anywa, hakuna atakayempa hata barua ya posa aifasiri. Kwa miaka ishirini na miwili Manka hakuzidisha wala hakupunguza. Vitabu kumi na kimoja vilipita mikononi mwake, na jina lake halikuwamo hata katika kimoja, kwa sababu desturi haikumwandika mfasiri.

Hilo lilimuuma, tusidanganyane. Lakini lilimuuma zaidi kwa ajili ya mama yake, Ma Swiri. Ma Swiri hakusoma shule. Utu uzima ulipomkuta alijifunza kusoma neno moja tu duniani, nalo ni Manka. Kila kitabu kipya kilipotoka, bintiye alimpelekea. Ma Swiri alivaa miwani, akatazama jalada. Akatazama ukurasa wa kwanza. Akageuza, akatazama mgongoni.

"Mwanangu," husema, "mbona sikuoni?"

"Mama, mfasiri haandikwi."

"Kwani kimejifasiri chenyewe?"

Vitabu kumi na kimoja, mara kumi na moja swali lile lile.

Basi siku moja Manka akavuka daraja kwenda soko la ng'ambo ya Kifaransa, maana Ma Swiri alipenda karanga za kule. Akakuta foleni mbele ya muuza karanga mmoja, mwanamke mnene mwenye kitambaa cha manjano, jina lake Mama Biloa. Foleni ndefu, watu wamenuna, na Mama Biloa hauzi. Ameinamia kitabu kisicho na jalada, anasoma, mabega yanatikisika kwa kicheko.

"Mama, karanga," Manka akasema.

"Subiri, dada yangu. Huyu mwanamke yuko karibu kumjibu mama mkwe wake."

"Amjibu nini?"

Heri asingeuliza. Mama Biloa alikuwa mtu wa ng'ambo ile, na mtu wa ng'ambo ile haulizwi swali la namna hiyo. Akasimama, akasoma kwa sauti. Foleni ikaacha kunung'unika. Foleni ikacheka. Kisha foleni ikanyamaza, na mzee mmoja akavua kofia. Manka akasikia damu inamwenda mbio mpaka masikioni. Alikuwa amesoma Kifaransa maisha yake yote, lakini Kifaransa kama kile, chenye jasho la watu na harufu ya nguo mpya, hakupata kukisikia.

"Umekitoa wapi?"

"Aliyekichapa amefunga kiwanda, vitabu vikagawiwa sisi wenye meza za sokoni tufungie. Nilipata kimoja tu hiki, vingine wameshavifungia maharage. Kilitoka mwaka juzi, hakuna aliyekitaka."

"Nipe mimi."

"Halafu karanga nizifungie nini, viganja vyangu?"

Manka akavua viatu, akavishika mkononi, akalivuka daraja mbio, mtu mzima wa miaka arobaini na sita. Akafika nyumbani, akabeba furushi la magazeti ya zamani kichwani, akarudi anahema. Mama Biloa akapokea magazeti, Manka akapokea kitabu. Karanga za Ma Swiri akazisahau palepale.

Alianza kukisoma akiwa bado njiani. Kiliitwa *Cherehani Kichwani*, na aliyekiandika ni mtu wa ng'ambo ile aitwaye Zambo Etoga. Kilikuwa kisa cha fundi cherehani mmoja, mama yake mwandishi mwenyewe, aliyefukuzwa na mumewe akiwa na mtoto mgongoni. Manka akasoma, akacheka. Akasoma, akapiga paja. Akafika ukurasa wa mia na kumi na mbili: mume anamtwika mkewe cherehani, anafunga mlango, anasukuma komeo. Manka akageuza ukurasa, moyo mkononi. Ukurasa wa mia na thelathini na moja: yule mwanamke ana kibanda chake sokoni na wateja wanagombana.

Akarudi nyuma. Akaenda mbele. Kurasa kumi na nane zilikuwa zimechanwa, na ndizo kurasa za siku ile ya kufukuzwa, siku ambayo kila msomaji angetaka kujua mwanamke huyu alipona vipi.

Akaenda maktaba ya taifa. Hawakuwa nacho, mchapishaji hakuwahi kuwapelekea. Akamwandikia Papa Zambo barua, mtu mwenyewe akiishi mbali huko, anaanika kakao. Barua ikarudi haijafunguliwa. Akaandika ya pili, ikarudi. Akaandika ya tatu, ikarudi nayo. Papa Zambo alikuwa amekasirika. Watu wake walikikataa kitabu chake, naye akaichoma nakala yake mwenyewe pamoja na madaftari aliyoandikia, akaapa kwamba barua yoyote yenye kunuka kitabu haitafunguliwa nyumbani mwake.

Mfasiri mwingine angekiweka chini. Manka alishindwa. Kazi nyingine yote ilikuwa imekamilika mezani, tamu, moto, imebaki shimo la kurasa kumi na nane katikati. Asubuhi moja akamfuata Ma Swiri jikoni, akamkuta anakaanga maandazi. Akamuuliza jambo ambalo hakupata kumuuliza.

"Mama, siku baba alipokufukuza, ulifanya nini kwanza?"

Ma Swiri hakugeuka. "Nilikaa kando ya barabara. Nilikuwa na sufuria na unga, na wewe mgongoni. Akapita dereva wa lori, akaniuliza kama nauza. Nikamwambia nauza."

"Hukulia?"

"Nilikaanga kwanza. Nikalia baadaye, wateja walipoondoka."

Manka akaingia chumbani, akaandika. Hakufasiri, jamani, aliandika. Sufuria akaigeuza cherehani. Dereva wa lori akampa suruali iliyochanika. Mwanamke akaiweka cherehani juu ya sanduku la samaki, akashona suruali ya mtu asiyemjua, mtu mwenyewe amejifunga shuka anasubiri. *Alishona kwanza, akalia baadaye.* Kurasa kumi na nane alizimaliza kabla ya chakula cha mchana. Kisha akachukua muhuri wa shaba, akaugonga mwishoni mwa kitabu juu ya maneno ya kiapo, sizidishi, sipunguzi. Na alijua anachokifanya, msije mkasema hakujua.

Kitabu kikatoka. Ng'ambo ya Kiingereza ikapagawa. Mafundi cherehani wakakisoma, wauguzi wakakisoma, walimu wakakisomea darasa, na wale watu wa kusoma kimya kimya wakaanza kusomeana kwa sauti. Wanawake wakaambiana sokoni, pole dada, shona kwanza, utalia baadaye. Maneno hayo yakachorwa kwenye vibanda, yakatiwa kwenye kanga za harusi. Juu ya kitabu liliandikwa jina la Zambo Etoga. Ma Swiri akavaa miwani, akatazama mbele, akatazama nyuma.

"Mbona sikuoni?" akasema.

Safari hii Manka alitoka nje akalia, maana wewe fikiria, mama yake alikuwa amekishika mkononi kitabu chenye maisha yake mwenyewe, na Manka asithubutu kumwambia.

Sasa ng'ambo ya Kifaransa ikasikia kelele. Wakasema, kumbe kile ni kitabu cha mtu wetu, hebu tukisome. Wakakitafuta. Hakuna. Wakakimbilia maktaba ya taifa, kwa kuwa sheria ilimtaka Manka apeleke huko kile kitabu cha Mama Biloa baada ya kumaliza kazi, naye alikuwa amekipeleka. Lakini maktaba ile ilikuwa na kanuni yake, na kanuni hiyo ungeikuta katika nchi ile tu: kitabu kilichomo katika lugha zote mbili ni kitabu kimoja, basi rafuni kibaki kimoja, kile kipya. Karani akaona viwili, kimoja kizuri cha Kiingereza, kingine cha Kifaransa hakina jalada na kimechanwa. Akakitupa cha Kifaransa. Akaandika mahali kwamba taifa halijapoteza kitu.

Mnacheka. Wao hawakucheka.

Wakaenda kwa Papa Zambo. Wakamwambia, Papa, kiandike upya. Akasema, "Mama yangu nimeshamzika mara mbili, ardhini na motoni. Sitamzika mara ya tatu." Akarudi kwenye kakao zake.

Basi Baraza la Daraja, lililokuwa na mwenyekiti wake Ma Enanga, mwanamke mfupi asiyependa maneno mengi, likaamua kitabu kirudishwe nyumbani. Kitolewe kwenye Kiingereza kitiwe katika Kifaransa. Kazi akapewa Mwalimu Belinga, mfasiri wa kiapo wa ng'ambo ile, mtu mrefu mwenye subira. Belinga hakukimbilia kamusi. Alikwenda kukaa na mafundi cherehani sokoni mwezi mzima, akiwashikia vitambaa, akisikiliza wanavyotukanana, wanavyodaiana sindano, wanavyoimba mvua ikinyesha. Ndipo akarudi nyumbani akaandika. Na kitabu kikatoka kinacheza.

Ng'ambo ya Kifaransa nayo ikapagawa. Kitabu kile kile walichokikataa! Watu wakasomeana barabarani. Wenye maduka wakatia makufuli wakaenda kusikiliza. Na miaka kumi ikatimia, na Baraza likatangaza kwamba kitabu kitakachosomwa darajani ni *Cherehani Kichwani*.

Siku yenyewe ikafika. Daraja lilijaa hadi watu wakakaa juu ya kingo, miguu inaning'inia mtoni. Huku mafundi wamekuja na cherehani zao, kule mafundi wamekuja na cherehani zao. Ma Swiri aliletewa kiti. Papa Zambo alitolewa kwake kwa kubembelezwa, amevaa suti yenye harufu ya kakao, amekunja uso. Na ukutani, mwashi alikuwa ameshalitia jiwe jipya, udongo wa saruji bado mbichi, na kwa chaki ameshaandika ZAMBO ETOGA.

Asubuhi kikasomwa kwa Kiingereza, ambacho Papa Zambo hakukijua. Ng'ambo hii wakacheka na kulia. Mchana Mwalimu Belinga akasimama kukisoma kwa Kifaransa. Ng'ambo ile wakacheka palepale, wakalia palepale. Manka alikuwa mstari wa mbele, furaha na hofu zinamgombania. Belinga akafika pale mume anaposukuma komeo. Akaingia katika zile kurasa. Barabara. Sanduku la samaki. Suruali ya dereva. Na alipofika kwenye yale maneno, hakuyasoma yeye, yalisemwa na daraja zima, huku kwa Kiingereza, kule kwa Kifaransa, kwa pamoja: alishona kwanza, akalia baadaye.

Papa Zambo akasimama.

"Acha," akasema. "Kurasa hizo si zangu."

Akamnyooshea Belinga kidole.

"Mimi sikuandika barabara. Sikuandika dereva. Nani amemvisha mwanamke mwingine nguo za mama yangu?"

Macho yote yakamgeukia Belinga, kwa kuwa kitabu kilikuwa mkononi mwake, na katika mshtuko ule hakuna aliyekumbuka kukiuliza Kiingereza cha asubuhi. Ma Enanga akauliza, "Mwalimu, umezidisha?"

Belinga akatazama chini, hakusema ndiyo, hakusema siyo. Ma Enanga akanyoosha mkono. "Weka muhuri mezani."

Belinga akautoa mfukoni. Na Manka akaona kwamba akinyamaza dakika moja tu, mambo yamekwisha. Jina la Zambo litachongwa, yeye atabaki na muhuri wake na kazi yake, na hatajua mtu. Isipokuwa mwanamume asiye na hatia atarudi nyumbani mikono mitupu. Akapiga moyo konde, akasimama.

"Mwache Mwalimu," akasema. "Niliandika mimi. Kitabu nilikipata kimechanwa. Nilimwandikia Papa Zambo barua tatu, zikarudi kama zilivyokwenda. Mwanamke aliyekaa kando ya barabara ni mama yangu, yule pale kwenye kiti. Alikuwa na sufuria, mimi nikampa cherehani."

Akautoa muhuri wake wa shaba, akauweka mezani kabla hajaombwa.

Sasa ndugu zangu, ningewaambia basi, Zambo akachongwa, Manka akafukuzwa, tukalale. Lakini subirini.

Papa Zambo alipofungua tena kinywa, sauti ilikuwa nyingine. "Mnajua kurasa zangu kumi na nane zilikuwa na nini? Matusi. Nilimtukana baba yangu kurasa kumi na nane mfululizo. Mama nilimwacha mlangoni na cherehani kichwani nikaenda kumtukana mzee, kwa sababu sikujua alifanya nini siku ile. Nilikuwa mgongoni mwake, mchanga. Leo ndiyo nimemwona anakaa chini." Akapangusa uso kwa mkono wa suti. "Lakini jiwe ni langu. Miaka tisa nimekaa na mwanamke huyu kalamuni. Mtu akinitobolea dirisha nyumbani kwangu nitamshukuru, hati ya nyumba haibadiliki kwa dirisha. Bila mimi hakuna cherehani, hakuna mama mkwe, hakuna hata hilo shimo lililozibwa."

"Papa, shukrani yako naipokea," Manka akasema, na watu wakaguna, maana mtu aliyeweka muhuri mezani hategemewi kuwa na ulimi. "Lakini kitabu ulikichoma, barua ukazikataa. Kilikuwa kinafungiwa karanga. Nilikitoa pale, nikakipa watu wa kukisoma. Na pale mnapolilia wote, huku na kule, ni mahali nilipopaandika. Nimevunja kiapo, nakubali, ninyang'anyeni. Ila miaka zaidi ya ishirini nimeandika kila neno la vitabu vya watu na mama yangu hajaniona hata katika kimoja. Leo naomba anione."

Ndipo Mwalimu Belinga akainua kichwa. "Na mimi niseme. Zile kurasa niliposoma mara ya kwanza nilijua zina mkono mwingine. Mshono ulionekana. Sikumwambia mtu. Nilikaa siku kumi nikaushona upya, nikamfanya dereva aongee kama watu wa Papa Zambo wanavyoongea, mpaka mshono ukapotea. Kosa langu ni hilo, nimelificha kosa la mwenzangu. Lakini ulizeni masikio yenu. Kifaransa mlichocheka leo, hakuna neno lililotoka kalamuni mwa Papa Zambo, wala mwa dada yangu Manka. Yote ni yangu. Ng'ambo yangu mwanzo mlikikataa kitabu hiki, mkakipenda nilipokiandika mimi. Sasa niambieni mlipenda cha nani."

Ng'ambo ya Kifaransa ikapiga makofi. Ng'ambo ya Kiingereza ikapiga kelele za kumwitikia Manka. Wengine wakaita Zambo, Zambo. Mafundi wakagonga cherehani zao. Na katikati ya ghasia hiyo, mwanamke mwenye kitambaa cha manjano akapenya, anasukuma watu kwa kiwiko, sinia la karanga kichwani.

"Nipisheni. Nipisheni, mimi nina neno," akasema Mama Biloa. Akamfikia Manka, akamtazama kama mtu anayetazama mteja wa zamani. "Dada, zile kurasa unafikiri zilichanika kwa bahati mbaya?"

Manka akasema, "Ulizifungia karanga."

"Nilizifungia. Lakini mimi nasoma kwanza ndipo nachana, sifungi karanga kwa ukurasa mzuri. Hicho kitabu kilikuwa kinakwenda vizuri, nacheka, nalia, halafu nikafika pale mwandishi anapoanza kumtukana baba yake. Ukurasa mmoja, kurasa mbili, tano. Nikasema huyu sasa ananichosha. Nikachana. Nikaendelea kuchana mpaka nilipomwona tena yule mwanamke ana kibanda, nikaacha." Akamgeukia Papa Zambo. "Samahani, Papa, lakini zilikuwa mbaya."



"Kwa hiyo na mimi mniangalie," Mama Biloa akaendelea. "Watu wa ng'ambo yangu hawakukikataa kitabu kwa kukosa akili, walikwama mahali nilipokwama mimi. Wao wakakitupa chote. Mimi nikakitoa kilichooza nikakibakiza kizima. Nisingechana, huyu dada angefasiri matusi vile vile yalivyo, kiapo kinamtaka hivyo. Mngekipenda? Nisingekuwa nasoma kwa sauti kwenye foleni, angejua kipo? Mimi sijaandika neno. Lakini hapa mbele yenu, nani mwingine aliyejua kipi ni kibaya?"

Hata Ma Enanga, asiyependa maneno mengi, aliketi. Akanong'onezana na wajumbe wake. Mjumbe mmoja akasema sheria ni ya mwandishi, tusisumbuane. Wa pili akasema mwandishi gani, ambaye hana neno lake hata moja katika kitabu chochote kati ya hivi viwili. Wa tatu akasema tukimchonga Manka, kesho kila mfasiri atajaza anachotaka na nchi haitaaminiana tena. Wa nne akasema tusipomchonga, tumemwambia kila mfasiri kwamba aone kitabu kinakufa akipite. Mmoja akasema tuchonge wote wanne, na Ma Enanga akamwonyesha ukuta: kila jiwe, tangu daraja lijengwe, jina moja. Wakiandika mawili, sheria inasema jiwe litolewe, na kitabu kisisomwe tena shuleni ng'ambo yoyote.

Mwashi alikuwa amevumilia vya kutosha. Alilowesha kitambaa, akaifuta chaki, ZAMBO ETOGA likatoka, jiwe likabaki tupu mbele ya watu wote. Akashika patasi.

"Wakubwa zangu, saruji inakauka," akasema. "Nipeni jina."

Ma Enanga akawatazama wale wanne waliosimama mbele yake. Zambo, aliyemzaa yule mwanamke kwa kalamu, akampa kisogo, akamchoma. Manka, aliyemwokoa, akavunja kiapo, akampa maisha ya mama yake mwenyewe. Belinga, aliyemrudisha nyumbani akamfundisha kusema, akaficha alichokijua. Biloa, aliyechana. Kisha akawageukia watu wa ng'ambo zote mbili, akawauliza wao, na wao hadi leo wanabishana.

Mimi sikuwapo, na patasi sina. Nyinyi mmesikia yote, kila mmoja na haki yake, kila mmoja na kosa lake. Wewe wa mbele, ambaye leo hukusinzia, anza wewe: je, lile jiwe lilimstahili nani?